Wake Wawili, Kesi Mbili: Simone Signoret na Bei ya Kusema Kweli

Kuna sentensi ambayo karibu kila msanii wa nchi zetu amewahi kuambiwa na mtu mwenye cheo: "Wewe fanya sanaa, siasa waachie wenyewe." Hutamkwa kwa upole, kama wosia wa mzazi. Lakini msimu wa kampeni ukifika, kinywa kilekile humwita msanii yuleyule apande jukwaani amsifu mgombea, na siku hiyo hakuna anayemkumbusha kwamba siasa ina wenyewe. Kumbe msanii hakukatazwa siasa. Alikatazwa siasa ambayo hakuagizwa.

Sentensi ya pili hutoka kwetu sisi tunaojiita wapenda haki. Mwenzetu anapotaka kusema jambo la aibu lililotendwa na upande wetu, tunamshika bega na kumnong'oneza: "Ni kweli, lakini usiliseme sasa; utawapa maadui silaha." Sentensi ya kwanza hutisha kutoka juu. Ya pili hunyamazisha kutoka pembeni, na kwa maoni yangu ndiyo hatari zaidi, kwa kuwa anayeitii hujiona mwaminifu.

Leo nataka kuzijibu zote mbili kwa maisha ya mtu mmoja, mwigizaji wa Kifaransa Simone Signoret. Simchagui kwa sababu alikuwa mtakatifu. Namchagua kwa sababu alikosea, tena hadharani, kisha akalipa kosa lake kwa fedha ileile aliyolitendea, yaani kwa sanaa yake. Watu wa namna hiyo ni wachache katika kila nchi na katika kila kambi.

Alizaliwa mwaka 1921 mjini Wiesbaden, Ujerumani, wakati eneo hilo lilipokuwa chini ya majeshi ya Ufaransa. Baba yake, André Kaminker, alikuwa Myahudi mwenye asili ya Poland. Mama yake alikuwa Mfaransa Mkatoliki. Ufaransa ilipoangukia mikononi mwa Wanazi mwaka 1940, baba alivuka kwenda London kujiunga na Jenerali de Gaulle, akaacha nyuma mke na watoto wasio na kipato. Binti mkubwa, mwenye miaka 19, ikambidi alishe familia. Kazi aliyoipata ilikuwa ya kupiga chapa katika gazeti la Les Nouveaux Temps, mali ya Jean Luchaire, mwandishi aliyewatumikia wavamizi na ambaye baada ya vita alihukumiwa na kupigwa risasi.

Tafakari hilo, ndugu msomaji. Mtoto wa Myahudi, ambaye baba yake yuko London na wapinzani wa Hitler, anakula mkate wa gazeti la vibaraka wa Hitler. Aliacha kazi hiyo mwaka 1941, akachukua jina la ukoo wa mama yake na kuanza kutafuta vipande vidogo katika filamu, bila kibali, kwa kuwa kwa asili yake asingekipata. Angeweza kulizika jambo lile la gazeti. Wengi waliofanya makubwa zaidi ya hayo waliyazika, na mwaka 1945 wakaamka wote wakiwa mashujaa wa ukombozi. Yeye alilisimulia mwenyewe katika kitabu cha kumbukumbu zake kilichotoka mwaka 1976. Ishike tabia hiyo akilini, kwa maana ndiyo itakayotuongoza.

Kazi yake ya filamu sitaiorodhesha yote. Inatosha kusema kwamba kufikia miaka ya 1950 alikuwa miongoni mwa nyuso zinazojulikana sana Ufaransa, kutokana na filamu kama La Ronde, Casque d'or ya Jacques Becker na Les Diaboliques ya Henri-Georges Clouzot. Mwaka 1951 alifunga ndoa na Yves Montand, mwimbaji na mwigizaji, mtoto wa wahamiaji maskini kutoka Italia. Walikuwa watu wa mrengo wa kushoto. Hawakuwahi kuwa na kadi ya Chama cha Kikomunisti, lakini walitembea karibu nacho kiasi kwamba aliyewatazama kwa mbali asingeona pengo. Walitia saini Wito wa Stockholm wa mwaka 1950 dhidi ya silaha za nyuklia, na saini hiyo ikatosha kuwafanya watu wasiotakiwa Marekani kwa miaka kadhaa.

Hapa ndipo kisa chenyewe kinapoanza. Mwezi Desemba 1954, katika ukumbi wa Théâtre Sarah-Bernhardt jijini Paris, Signoret na Montand walipanda jukwaani katika tamthilia ya Arthur Miller kuhusu kesi za uchawi za Salem, iliyoletwa kwa Kifaransa na Marcel Aymé. Miller alikuwa ameiandika kuihukumu Marekani ya Seneta McCarthy, ambako mtu aliitwa mbele ya kamati na kutakiwa ajikiri na kuwataja wenzake. Jijini Paris watazamaji waliongeza maana nyingine: mume na mke, Julius na Ethel Rosenberg, walikuwa wameuawa kwenye kiti cha umeme mwaka mmoja na nusu nyuma, na mamia ya maelfu ya watu duniani walikuwa wamewalilia.

Signoret alicheza Elizabeth Proctor, mke wa mkulima anayetuhumiwa. Huyu ni mwanamke asiyejua kusema uongo. Mahakamani anaulizwa swali moja kuhusu heshima ya mumewe, na kwa mara ya kwanza maishani anadanganya ili kumwokoa; uongo huo mmoja wa mapenzi ndio unaomponza mume. Mwishoni mume anatakiwa atie saini ungamo la uongo ili aishi. Anakataa kulitoa, ananyongwa. Tamthilia ilijaza ukumbi, na mwaka 1957 ikatoka filamu yake, muswada ukiwa umeandikwa na Jean-Paul Sartre.

Ni kazi iliyotukuka, na hasira yake ilikuwa ya haki. Lakini hebu tuulize swali ambalo siku zile, katika kambi ile, lilikuwa dhambi kuliuliza. Mwezi Novemba 1952, miaka miwili kabla ya pazia kufunguliwa jijini Paris, kesi nyingine ilikuwa imefanyika Prague. Washtakiwa 14, wote viongozi wa juu wa chama na serikali ya Kikomunisti ya Chekoslovakia, 11 kati yao Wayahudi, walisimama mmoja baada ya mwingine na kukiri usaliti ambao hawakuutenda. Maungamo yao yalikuwa yameandikwa na wapelelezi, wakakaririshwa neno kwa neno baada ya miezi ya kunyimwa usingizi na kutembezwa mchana na usiku. Rudolf Slánský na wenzake 10 walinyongwa. Watatu walipewa kifungo cha maisha.

Salem ilikuwa Prague. Haikuhitaji hata kubadilishiwa mavazi. Lakini kambi iliyojaza mitaa kwa ajili ya familia ya Rosenberg ilikaa kimya kuhusu walionyongwa Prague, na chama kilichoongoza kambi hiyo kilizipokea hukumu kama ushahidi wa umakini wa dola ya wafanyakazi. Signoret alikuwa ndani ya kambi ile. Kila usiku alicheza mke wa mtu anayekamuliwa ungamo la uongo, na kila usiku makofi yalipigwa kwa ajili ya wahanga wa upande mmoja tu wa dunia. Nyani haoni kundule, wala hapigi makofi kwa ajili yake.

Mtihani wa kwanza ulikuja miaka miwili baadaye. Montand alikuwa ameahidi ziara ya muziki Moscow. Tarehe 4 Novemba 1956 vifaru vya Kisovieti viliingia Budapest kuwakanyaga Wahangaria walioinuka. Waende au wasiende? Wakienda, wangeonekana wamebariki damu. Wasipokwenda, wangeonekana wamesalimu amri kwa watu waliokuwa wakiwatisha na kuwatukana. Mwezi Desemba walikwenda, na kwa hilo sitawatetea. Ziara ile ilikuwa zawadi kwa dola iliyokuwa imetoka kuua. Walikula mezani pamoja na Khrushchev na vigogo wenzake, na mezani hapo walimuuliza kuhusu Budapest, wakabishana naye kwa muda mrefu. Ujasiri huo upo, na usifutwe. Lakini ulikuwa ujasiri wa faraghani. Wananchi wa Moscow waliona mwimbaji akitabasamu, hawakusikia swali. Hili tunalijua vizuri sisi wasomi tunaojisifu kwamba "tulimwambia mheshimiwa ukweli, tukiwa wawili tu ofisini kwake."

Sasa njoo mwaka 1960, mwaka unaotuhusu sisi Waafrika moja kwa moja. Mwezi Aprili Signoret alipokea tuzo ya Oscar kwa kazi yake katika Room at the Top, filamu ya Kiingereza ambamo alicheza mwanamke wa makamo anayeachwa na kijana mwenye tamaa ya cheo. Alikuwa kileleni. Miezi mitano tu baadaye jina lake lilionekana chini ya waraka ambao dola ya Ufaransa iliuhesabu kuwa karibu na uhaini: tamko la haki ya kukaidi katika vita vya Algeria, linalojulikana kama Tamko la 121 kwa idadi ya waliolisaini kwanza. Lilisema waziwazi kwamba kijana wa Kifaransa anayekataa kubeba silaha dhidi ya watu wa Algeria ana haki, na Mfaransa anayewasaidia na kuwahifadhi Waalgeria wanaoonewa kwa jina la Ufaransa ana haki pia.

Vita hivyo vilikuwa na miaka karibu sita. Watu walikuwa wakiteswa kwa umeme na maji katika vyumba vya jeshi. Maurice Audin, mwanahisabati kijana wa Chuo Kikuu cha Algiers, alikuwa amechukuliwa na askari mwezi Juni 1957 na hakuonekana tena. Iliichukua dola ya Ufaransa hadi mwaka 2018 kukiri kwamba ilihusika na kifo chake. Kwa hiyo waliosaini hawakuwa wakicheza na maneno.

Na dola haikucheza. Jarida la Sartre, Les Temps modernes, lilitoka na kurasa tupu mahali ambapo tamko lingekaa. Mwishoni mwa Septemba serikali iliongeza adhabu kwa wanaochochea askari kukaidi. Watumishi wa umma waliosaini walisimamishwa kazi. Wasanii waliosaini walifungiwa redio na televisheni ya taifa, pamoja na majumba ya tamthilia yaliyopata ruzuku ya serikali. Waziri wa utamaduni katika serikali hiyo alikuwa André Malraux, mwandishi aliyepata kupigana upande wa Jamhuri nchini Hispania. Binti yake Florence alikuwa miongoni mwa waliosaini. Ndivyo mwigizaji aliyetoka kuiletea nchi yake sifa Hollywood alivyogeuka mtu asiyefaa kuonekana kwenye televisheni ya nchi hiyohiyo.

Nasema haya nikiwatazama ninyi watumishi wa umma mnaonisoma kwa siri wakati wa chakula cha mchana. Najua mtakachosema: yeye alikuwa tajiri, alikuwa na London na Hollywood, mwenye mshahara mmoja na watoto wanne ana nini? Mna haki ya kuuliza. Bei haikuwa sawa kwa wote. Laurent Schwartz, mmoja wa wanahisabati wakubwa wa karne, alipoteza nafasi yake ya kufundisha École Polytechnique. Mwanahistoria Pierre Vidal-Naquet alisimamishwa kazi chuoni Caen. Vijana waliokataa kwenda vitani walifungwa. Waalgeria wenyewe walikufa, na tarehe 17 Oktoba 1961 waliuawa jijini Paris kwenyewe, mikononi mwa polisi, kwa kosa la kuandamana. Ukiweka saini ya Signoret kwenye mzani pamoja na hayo, ni nyepesi.

Lakini nyepesi si sawa na bure. Simdai mtu alipe bei ya jirani yake. Nauliza kama alilipa yake. Msanii anayeimba pale anapolipwa, na kunyamaza pale anapotishwa, hana msimamo. Ana bei tu, na bei yake iko ukutani kila mtu aisome. Basi sentensi ya kwanza imejibiwa. Dola iliyomfungia Signoret televisheni haikumchukia kwa kuingia siasa. Angesimama kuwaimbia askari wanaopelekwa Algiers, angepewa nishani.

Imebaki sentensi ya pili, ile ya rafiki.

Mwaka 1968 mambo mawili yalitokea. Mwezi Agosti vifaru viliingia tena mji mkuu wa watu, safari hii Prague. Na jijini Paris kilitoka kitabu cha Artur London, mmoja wa wale watatu waliosalimika katika kesi ya mwaka 1952. Alikuwa naibu waziri wa mambo ya nje. Alikuwa amepigana Hispania, ameshiriki upinzani dhidi ya Wanazi Ufaransa na kunusurika kambi ya Mauthausen. Alieleza hatua kwa hatua jinsi wenzake wa chama walivyomvunja mpaka akakiri. Mwongozaji Costa-Gavras aliamua kukifanya filamu, L'Aveu, yaani Ungamo, na muswada ukaandikwa na Jorge Semprún, Mhispania aliyekuwa amefukuzwa chama chake cha kikomunisti. Montand alicheza London. Signoret alicheza mke wake, Lise.

Na Lise ni nani? Ni Mkomunisti wa Kifaransa, mwenye imani iliyonyooka kama uzi wa fundi. Mumewe anakamatwa, anasubiri chama kigundue kosa. Kisha anasikia redioni sauti ya mumewe mwenyewe, sauti anayoijua, ikikiri usaliti. Anafanya nini? Anaamini. Anakiandikia chama kumkana mumewe.

Wapange wanawake hawa wawili bega kwa bega. Elizabeth Proctor, mke asiyejua uongo, anadanganya kwa ajili ya mapenzi. Lise, mke anayependa kwa dhati, anasema kile anachoamini ni kweli, na ukweli wake ni uongo uliopikwa gerezani. Wa kwanza anaivunja imani yake ili kumlinda mtu. Wa pili anamvunja mtu ili kuilinda imani yake. Mwigizaji ni yuleyule, amekuwa mtu mzima kwa miaka 16, na mume jukwaani ni mumewe wa nyumbani. Mwaka 1954 alimwonyesha mtazamaji uovu wa wengine. Mwaka 1970 alimwonyesha uso wa mtu mwema anayesaidia uovu wa kwao, na uso huo aliujua, kwa kuwa aliwahi kuuvaa bila malipo.

Wengi katika Chama cha Kikomunisti cha Ufaransa waliikasirikia filamu hiyo, na hoja yao ilikuwa ileile: mmewapa maadui silaha. Tuipime. Silaha ilitengenezwa na nani? Walionyonga ndio waliotengeneza. Aliyefichua aliikuta mezani. Na je, waliofanya filamu ile walihamia kwa maadui? Costa-Gavras na Montand walikuwa wametoka kufanya Z, dhidi ya mauaji ya kisiasa ya mrengo wa kulia nchini Ugiriki, na baada ya L'Aveu walifanya État de siège, kuhusu mkono wa Marekani katika mateso Amerika ya Kusini. Signoret naye, mwaka 1982, akiwa mgonjwa na macho yakififia, alisafiri hadi Poland iliyokuwa chini ya sheria ya kijeshi, akiandamana na mwanafalsafa Michel Foucault katika msafara wa dawa na misaada. Kukiri kosa hakukumfanya aache kupigania haki. Kulimfanya aaminike anapoipigania.

Kuna hoja moja ambayo siwezi kuipuuza: alichelewa. Ni kweli. Miaka 18 ilipita tangu Slánský aliponyongwa mpaka Lise alipoonekana kwenye kioo. Walionyongwa hawakufaidika na filamu. Ukweli unaokuja baada ya mazishi hauwezi kujiita uokozi. Lakini kuchelewa si hoja ya kunyamaza. Ni hoja ya kuharakisha. Anayesema "amechelewa" huku yeye mwenyewe bado hajasema, anajitungia hati ya mashtaka.

Sehemu zake za mwisho zilikuwa na uaminifu huohuo. Hakuuficha uzee wake katika tasnia inayowaadhibu wanawake kwa kuzeeka. Mwaka 1977, akiwa na miaka 56, alicheza Madame Rosa katika La Vie devant soi: mwanamke wa Kiyahudi aliyenusurika Auschwitz, kahaba wa zamani, mnene, anayehema akipanda ngazi, anayemlea mtoto wa Kiarabu aitwaye Momo na kumsisitizia dini ya wazazi wake, Uislamu. Binti wa Kaminker, aliyelazimika kuficha jina la baba yake mwaka 1941, alimaliza safari yake kwa kulivaa hadharani. Alifariki tarehe 30 Septemba 1985.

Nimeandika haya kwa sababu nimechoka na ushujaa wa upande mmoja. Wanafunzi wangu wanaweza kuniorodheshea dhambi za mabeberu bila kupumua, na ziko. Lakini nikiwauliza kuhusu serikali ya kimapinduzi waliyoipenda, wanatazama sakafu. Wengine huhesabu kila mwanaharakati aliyekamatwa na chama tawala, lakini kiongozi wa upinzani anapomfukuza kijana aliyehoji hesabu za fedha, wanasema ni mambo ya ndani. Kila kambi ina Salem yake ya kuigiza na Prague yake ya kuficha. Dhamiri hainitoki jasho ninapomlaani adui. Hapo nimebebwa na makofi ya wenzangu. Hupimwa siku makofi yanapokoma.

Kwa hiyo sina wito mkubwa wa kuhitimishia. Nina zoezi dogo tu. Safari ijayo utakapoletewa tamko usaini kuhusu uovu wa mahasimu wako, lisaini kama ni la haki. Kisha, kabla hujarudisha kalamu, chukua karatasi nyingine uandike jina la mtu mmoja anayeonewa na upande wako. Kama hulijui jina hata moja, litafute. Kama unalijua na mkono unasita, basi umeshafika Prague, na redio imeshawashwa.